Mungu wa Hangari: Miaka 80 ya Nyumba ya Wachoraji Lubumbashi

Mwaka 1946, mjini Elisabethville, Lubumbashi ya leo, Mfaransa mmoja aliyewahi kuwa afisa wa majini alifungua karakana ya wachoraji. Kwenye karatasi aliipa jina refu la Kifaransa, ambalo kwa lugha yetu lingekuwa Chuo cha Sanaa ya Wenyeji. Midomoni mwa watu jina hilo halikudumu. Waliiita Le Hangar, hangari, neno lile lile la banda la kuwekea mizigo na mashine. Tangu wakati huo mji umebadilisha jina, jimbo limebadilisha jina zaidi ya mara moja, nchi nayo haikubaki nyuma. Hangari imebaki hangari. Mwaka 2026 inatimiza miaka 80 tangu izaliwe. Na ukihesabu kuanzia 1951, mwaka kilipofunguliwa Chuo cha Sanaa kilichokuja kuwapokea wanafunzi wake, basi nyumba zote mbili zina sikukuu.

Sherehe za taasisi zina desturi yake. Hutajwa mwanzilishi, husomwa majina ya waliotangulia, kwaya huimba, soda hugawanywa, watu hurudi nyumbani. Majina nitayasoma. Lakini kwanza nina la kusema juu ya mungu mmoja ambaye hangari ilisimamishwa kwa ajili yake. Ni mungu aliyebuniwa papa hapa mjini, na wanafunzi walimheshimu kwa adabu zote huku wakiendelea na mambo yao.

Kuhani na miiko yake

Pierre Romain-Desfossés alizaliwa mwaka 1887 huko Brest, mji wa bandari magharibi ya Ufaransa. Alikuwa mtu wa bahari, na alikuwa mchoraji. Vita vya Pili vya Dunia vilimkuta Afrika ya Kati. Vilipokwisha hakurudi kwao. Alitua Katanga, jimbo la mji huu, mbali na bahari yoyote, na kufikia 1946, akiwa na miaka 59, alikuwa amepata kazi ya mwisho ya maisha yake.

Fundisho lake lilikuwa fupi. Aliamini kwamba ndani ya Mwafrika kuna chemchemi ya sanaa, ya kale na safi, ambayo haijatiwa tope na shule wala na picha za Ulaya. Chemchemi hiyo itabubujika yenyewe mradi mtu asiichokoze. Kwa hiyo kazi ya mwalimu ikawa kulinda mlango. Wanafunzi hawakuonyeshwa picha za wachoraji wa Ulaya. Hawakuwekewa kitu mezani wakinakili. Hakuna aliyewasahihisha kwamba mkono huu ni mrefu mno au kwamba mti wa mbali sharti uwe mdogo kuliko wa karibu. Mwalimu aliwapa rangi, karatasi, paa la kujikinga na jua na mvua, akawatafutia wanunuzi. Yaliyobaki aliiachia chemchemi. Aliwalea kama baba anavyolea watoto, ingawa Pilipili Mulongoy, mkubwa wao kwa sifa, alikuwa tayari mtu mzima wa miaka 32 siku hangari inafunguliwa.

Watunzi wa mashairi huko pwani wana neno la jambo hili: ilhamu, kile kinachomshukia mtu na kumfungua kauli. Romain-Desfossés hakulijua neno hilo wala hakusema kwamba anaabudu kitu. Mimi ndiye ninayekipa cheo cha mungu, kwa sababu kilikuwa na kila kilicho cha mungu: hekalu, kuhani, miiko, na waumini walioambiwa kwamba wakishika miiko watashukiwa. Mungu huyo alikuwa na sifa moja ya ajabu. Sadaka aliyoitaka ilikuwa utupu. Mchoraji alitakiwa aje mikono mitupu, kichwa kitupu, asiwe ameona kitu.

Kila dola hubuni miungu yake, na huwabuni ili waseme yale dola inayopenda kuyasikia. Dola ya Ubelgiji katika Kongo ya 1946 ilikuwa na sababu ya kumpenda mungu aliyemwona Mwafrika kuwa mtu wa porini, wa samaki na swala, asiyechafuliwa na mji. Elisabethville ilianzishwa mwaka 1910 kwa ajili ya shaba, na mwaka 1911 tanuru lilianza kuyeyusha. Kufikia miaka ya 1940 walikuwepo watu waliozaliwa ndani ya kambi za kampuni ya madini ya Union Minière, waliolelewa na king'ora cha kazi na mgao wa unga. Tarehe 9 Desemba 1941 wafanyakazi waligoma wakidai mishahara, wakakusanyika kwenye uwanja wa mpira, na askari wakawapiga risasi. Baina ya siku ile na kufunguliwa kwa hangari haikupita hata miaka mitano kamili. Watu wa mji ule hawakuwa watupu. Walikuwa wameona mengi.

Wala Katanga haikuwa ikingoja kuletewa mungu wa sanaa. Kaskazini ya hapa, katika ufalme wa Waluba, walikuwepo vidye, roho zilizoshikamana na wafalme na mahali. Vigoda vya kifalme vilichongwa sura ya mwanamke kwa sababu roho ya mfalme iliaminiwa kukaa ndani ya mwili wa mwanamke. Walikuwepo pia Mbudye, chama cha watunza kumbukumbu, na chombo chao kiitwacho lukasa: kibao cha kushikwa kwa mkono mmoja, kilichopambwa kwa shanga na kauri. Mjuzi alikipapasa kwa kidole na kusimulia habari za Nkongolo Mwamba, za mwindaji Mbidi Kiluwe na za mwanawe Kalala Ilunga. Hakuna aliyekisoma kibao hicho kwa kushukiwa tu. Mbudye alipanda daraja baada ya daraja, akifundishwa, akiapishwa, akilipa. Kwa Waluba roho ilikuwepo, lakini ilikuwa na ada ya shule.

Hata rangi na karatasi zilikuwa zimetangulia. Mwaka 1926, huko Bukama kwenye mto Lualaba, ofisa Mbelgiji aitwaye Georges Thiry aliona michoro kwenye kuta za nyumba. Aliyeichora alikuwa Albert Lubaki, mchonga pembe za ndovu. Thiry alimpa karatasi na rangi za maji, yeye na mkewe Antoinette, na mwaka 1929 picha za Lubaki zilitundikwa Brussels. Hiyo ni miaka 17 kabla ya hangari. Mswahili husema mwacha asili ni mtumwa, na mwanzilishi wetu angeipenda sana methali hiyo. Swali ambalo methali haijibu ni hili: nani anakuchagulia asili yako?

Walioshika brashi

Sasa majina. Sitaweza kuyataja yote. Nitaanza na matatu ambayo kila mtu wa fani hii mjini huyataja kwa pumzi moja.

Wa kwanza ni Bela, Msara kutoka Chad, aliyefika Katanga akiwa mtumishi wa Romain-Desfossés. Mtumishi aliishia kuwa mchoraji ndani ya nyumba ya mchoraji, na alichagua njia isiyofanana na ya bwana wake: aliiweka brashi kando akachora kwa ncha za vidole. Picha zake ni alama za vidole zilizopangwa moja baada ya nyingine hadi zikawa majani, wanyama, watu wanaokimbia. Ukisimama mbali unaona windo. Ukisogea unaona mkono wa mtu.

Wa pili ni Pilipili Mulongoy, aliyezaliwa mwaka 1914. Yeye ndiye aliyeufanya mji huu ujulikane kwa samaki ingawa uko mbali na bahari. Mandhari ya nyuma aliijaza vinukta na vistari vidogo, kwa uvumilivu wa fundi, kisha mbele yake akaweka mamba, nyoka, kanga na makinda yao, samaki wanaofuatana. Mtazamaji wa haraka huona mapambo ya ukutani. Ukikaa nazo zaidi unagundua kwamba katika nyingi ya picha hizo kuna mmoja anayekula na mmoja anayeliwa: nyoka amekwisha kufika kwenye kiota, mamba amekwisha kufunua kinywa, na rangi ni tamu mno hata unachelewa kuliona hilo. Sisemi kwamba alikuwa akiichora Union Minière. Nasema tu kwamba aliyeishi Elisabethville ya wakati ule hakuhitaji kwenda porini ili kujifunza nani humla nani.

Wa tatu ni Mwenze Kibwanga, aliyezaliwa 1925 na kufariki 1999. Huyu alichora kwa mistari mifupi iliyolala sambamba, ya rangi ya udongo, kahawia na manjano iliyokolea. Mwindaji na swala wake, mwanamke na mzigo wake, vyote vimefumwa kwa mistari ile ile, hata mwili na ardhi vinashonana. Pamoja na hao watatu walikuwepo wengine, kama Kaballa, na kila mmoja alitafuta namna yake ya kuujaza uwanja wa karatasi. Hilo ni jambo la kumshukuru mwanzilishi. Hakutaka wafanane na Ulaya, na angalau hakuwalazimisha wafanane wao kwa wao.

Husimuliwa kwamba baba yake Pilipili alikuwa mvuvi, na baba yake Mwenze alikuwa mfumaji. Ukilisikia hilo, kisha ukazitazama picha, fundisho la utupu linaanza kuvuja. Samaki wa Pilipili wanajua maji kama anavyoyajua mtoto aliyebeba kapu la baba yake. Mistari ya Mwenze inapita juu na chini kama uzi. Kile ambacho mwalimu alikiita chemchemi isiyoguswa, mimi ningekiita kazi ya mzee nyumbani, iliyotazamwa utotoni kwa miaka mingi na macho yasiyojua kwamba yanajifunza. Wanafunzi walikuja hangarini wakiwa wamefundishwa tayari. Ila shule yao haikuwa na ubao, na mwalimu mpya hakuiona.

Hivi ndivyo wanafunzi walivyomvunjia miiko bila kelele. Waliambiwa wasinakili, wakatazamana, maana huwezi kuwaweka watu wazima chini ya paa moja kila siku ukawazuia kuona jirani anavyochovya rangi. Waliambiwa wachore kwa ajili ya roho yao, wakajifunza upesi ni picha zipi wageni hununua.

Kutoka hangari hadi chuo

Mwaka 1951 mchoraji Mbelgiji Laurent Moonens alifungua mjini Chuo cha Sanaa. Kwa muda mfupi Elisabethville ikawa na nyumba mbili: moja ya kuacha, nyingine ya kufunza. Chuoni kulikuwa na madarasa, vipindi na walimu, kama shule nyingine. Mwaka 1954 Romain-Desfossés alifariki mjini hapa. Hangari haikuwa na mrithi, kwa sababu ukuhani wa namna ile haurithishwi, na watu wake wakahamia chuoni. Pilipili na Mwenze, waliolelewa kwa imani kwamba sanaa haifundishwi, wakawa walimu.

Kama ningetakiwa kuchagua siku moja ya kuadhimisha katika miaka hii 80, ningechagua hiyo, hata kama hakuna aliyeiandika tarehe yake: siku Pilipili aliposimama kwa mara ya kwanza nyuma ya mwanafunzi, akainama, akasema kitu juu ya nukta zake. Papo hapo taasisi ilizaliwa mara ya pili, safari hii mikononi mwa mwenyeji.

Tusidhani kwamba Elisabethville ilikuwa peke yake. Makerere, Uganda, Margaret Trowell alikuwa amekwisha kuanza kufundisha sanaa tangu miaka ya 1930, naye pia alitaka wanafunzi wachore yaliyo yao. Ng'ambo ya mto Kongo, Brazzaville, Pierre Lods alifungua Poto-Poto mwaka huo huo wa 1951. Salisbury, ambayo leo ni Harare, Frank McEwen alifika baadaye na kufungua karakana iliyowatoa wachonga mawe. Wazungu wachache, kila mmoja kwenye koloni lake, walikuwa wakitafuta kitu kinachofanana. Ulaya ilikuwa imetoka vitani, imechoka na yenyewe, na ilitumaini kupata Afrika ule usafi ambao yenyewe iliona imeupoteza. Kwa hiyo mungu wa hangari alikuwa na hekalu zaidi ya moja.

Uhuru ulikuja tarehe 30 Juni 1960, na siku 11 baadaye Katanga ikatangaza kujitenga. Waziri wa elimu wa serikali ile ya Moïse Tshombe alikuwa mwanamuziki: Joseph Kiwele, mtunzi wa Misa ya Katanga na wa wimbo wa taifa wa nchi hiyo iliyodumu hadi Januari 1963. Tarehe 17 Januari 1961 Patrice Lumumba aliuawa karibu na mji huu. Miaka ile ilikuwa ya risasi, ya askari wa Umoja wa Mataifa na ya mamluki, na Wazungu wengi waliokuwa wakinunua picha walifunga masanduku yao. Wachoraji hawakuwa na mahali pa kwenda, wakaendelea kuchora. Mwaka 1966 mji ukaitwa Lubumbashi, jina la kijito chake. Miaka ya Zaire jimbo likaitwa Shaba, na kwa muda nchi nzima ikahimizwa kurudi kwenye uhalisia wa mababu. Wazee wa hangari bila shaka walitabasamu. Mahubiri hayo walikuwa wamekwisha kuyasikia, kwa lafudhi ya Brest.

Kutoka kizazi kilichopitia chuoni alitokea Mode Muntu, jina kamili Modeste Ngoie Mukulu Muntu, aliyezaliwa 1940. Watu wake ni warefu, wembamba, kama herufi zilizosimama na kuanza kucheza ngoma juu ya rangi moja iliyotulia. Miaka ya 1970 alipata mahali pa kufanyia kazi katika Makumbusho ya Taifa ya Lubumbashi, na mwaka 1985 alifariki akiwa na miaka 45. Hakuna kwa Mode samaki wa Pilipili wala mistari ya Mwenze. Alipewa shule, akaitumia kuondoka shuleni, na hiyo ndiyo shahada ya juu kabisa ambayo chuo cha sanaa kinaweza kumpa mtu.

Ukumbusho

Historia ya hangari haitakamilika bila kuwataja ambao hawakuingia humo kamwe. Miaka ya 1970, katika vitongoji vya mji, Kenya, Katuba, Kamalondo na kwingineko, walikuwepo wachoraji wasio na chuo wala mlezi. Walipaka rangi juu ya kitambaa cha gunia la unga, wakazungusha picha nyumba kwa nyumba, wakiwauzia wafanyakazi wa mgodi na wa reli. Mashuhuri kati yao ni Tshibumba Kanda-Matulu, aliyezaliwa 1947. Mwaka 1973 na 1974 alimchorea na kumsimulia mwanaanthropolojia Johannes Fabian historia nzima ya nchi, katika picha 101.

Picha hizo za sebuleni zilikuwa na jina: ukumbusho. Kwa Kiswahili cha kwetu neno hilo halina maana ya zawadi ya safari. Ukumbusho ni kitu kinachokushtua ukumbuke: mambo ya bankambo, mambo ya Mbelgiji na kiboko chake, mambo ya Lumumba, mambo ya juzi. Familia iliyoketi chini ya picha ya mfungwa anayechapwa katika enzi ya ukoloni haikuwa imenunua pambo. Ilinunua hadithi ya kumsimulia mgeni baada ya chakula.

Katika sebule hizo hizo alitundikwa roho mwingine, ambaye watu wa Lubumbashi walimjua bila kufundishwa na afisa wa majini: mamba muntu. Juu ni mwanamke mzuri, mara nyingi mwenye saa mkononi. Chini ni samaki. Inasemekana mwanamume akiokota kitana chake au unywele wake, atatajirika, kwa masharti: atunze siri, asimwambie hata mkewe. Akivunja, mali yote huyeyuka. Ninamweka mamba muntu kando ya mungu wa hangari nikitazama nani kati yao aliwafahamu wachoraji zaidi. Yule wa hangari aliahidi kwamba sanaa hutoka ndani ya mtu, bure, kama maji. Mamba muntu hakumdanganya mtu: hakuna kinachokuja bila mkataba, na kila mkataba una bei. Mchoraji aliyempaka usiku kwa taa ya chemli, apate pesa ya unga asubuhi, alilijua hilo vizuri.

Tofauti kubwa, hata hivyo, ilikuwa mlangoni. Picha za hangari zilitoka nje: kwa maofisa, kwa wageni, kwa makumbusho ya Ulaya. Za ukumbusho zilibaki, zikatazamwa na jirani, zikapauka kwa moshi wa jikoni. Ndani ya mji mmoja, kwa shaba ile ile iliyolipa mishahara yote, pori lilichorewa Mzungu na historia ikachorewa mwenyeji. Kwa miaka mingi pande hizi mbili hazikusalimiana. Wa chuo waliwaona wa barabarani kuwa wachafuzi wa rangi. Wa barabarani waliwaona wa chuo kuwa watu wa wageni.

Baada ya shaba

Kisha shaba ikaanguka, na ikawaangukia wote. Gécamines, iliyorithi Union Minière, ilitoa karibu tani 470,000 za shaba mwaka 1986. Kufikia 1994 haikufika hata 40,000. Mishahara ilichelewa, ikakatika. Mjini kuliporwa, watu walifukuzana kwa kabila, wengi wakapanda treni za kwenda Kasai wasirudi. Sebule ambamo ukumbusho ulitundikwa zikauzwa kiti kwa kiti. Tshibumba hakuonekana tena tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980. Fundi asiye na mnunuzi hafi siku moja; hupungua.

Chuo hakikufungwa, nalo ni jambo kubwa kuliko linavyosikika. Wakati huo, yule ambaye wanafunzi wake walikatazwa kunakili akawa baba wa picha zinazonakiliwa kuliko zote hapa mjini. Samaki wa Pilipili na wawindaji wa Mwenze waliingia sokoni, wakawekwa pamoja na malakiti na vibao vya shaba ya kugongwa, wakauzwa kwa abiria wa ndege. Wengine hukasirikia jambo hilo. Mimi naliona pia upande wa pili: kijana anayenakili nukta za Pilipili, hata kama ni kwa ajili ya pesa ya siku, mkono wake unafundishwa na marehemu. Nje ya mpaka habari hiyo ina mwangwi wake. Edward Saidi Tingatinga alipoanza kupaka rangi Dar es Salaam mwaka 1968, picha za Wakongo zilikuwa zikiuzwa pale, na wanaoandika historia ya Tingatinga wangali wakibishana kama zilimfungua macho.

Mwaka 2008 kundi la vijana wa Lubumbashi, akiwemo mpiga picha Sammy Baloji, walianzisha Picha, na kutoka hapo yakatokea maonyesho ya kila baada ya miaka kadhaa yanayojulikana leo kama Biennale ya Lubumbashi. Baloji, aliyezaliwa 1978, amewahi kuchukua picha za zamani za wafanyakazi na machifu wa wakati wa ukoloni na kuzibandika juu ya magofu ya viwanda vya leo. Hapo ndipo pande mbili zilizokuwa hazisalimiani zilipokutana: macho ya chuo na kazi ya ukumbusho. Toleo la Biennale la 2022 lilibeba jina linalocheza na sumu na mji, na mtu wa Lubumbashi hahitaji kuelezwa. Mlima wa masalia ya shaba umesimama kando ya bomba la moshi, kila mtoto huuchora kabla ya kujua kuandika jina lake.

Mwaka 2015 Fondation Cartier mjini Paris iliandaa maonyesho ya Beauté Congo, yaliyokusanya uchoraji wa Kongo kuanzia 1926. Akina Lubaki walikuwepo, Bela, Pilipili na Mwenze walikuwepo, Mode Muntu na Baloji walikuwepo. Pilipili hakuyaona. Alikuwa amefariki mwaka 2007, akiwa na miaka 93, baada ya kuishi chini ya Elisabethville, Katanga iliyojitenga, Zaire na Kongo mpya, na kuwazika wengi wa wenzake.

Tunachoadhimisha

Nikiulizwa mwanzilishi alikosea wapi, nitasema alimkosea mtu aliyekuwa mbele yake. Alimtaka awe mtupu, na mtu huyo alikuwa na baba, alikuwa na mji, alikuwa na mwaka 1941. Nikiulizwa alipatia wapi, nitataja paa. Aliwapa watu mahali, muda na rangi, kisha akawa na subira ya kutowafokea. Mungu wake alikuwa wa kubuni, lakini banda lilikuwa la kweli, na ndani ya banda la kweli watu walifanya kazi ya kweli. Wanafunzi hawakumpinga mungu huyo. Walimwacha mlangoni kama mwavuli.

Kwa hiyo siku ya sikukuu, hotuba zikimalizika, ningependa tusizungumzie tena chemchemi. Tuulize mambo madogo. Darasa la uchoraji lina brashi ngapi? Paa linavuja? Mtoto wa Katuba anayepaka mamba muntu juu ya gunia anajua kwamba mlango wa chuo unafunguka kwa ajili yake pia? Mbudye alimfundisha mrithi wake kwa kumshika kidole na kukipitisha juu ya shanga za lukasa, moja baada ya nyingine, hadi kidole kikajua njia chenyewe. Bela alichora kwa vidole, Pilipili akahesabu nukta. Kazi hii hupokezanwa kwa mkono, na mkono unahitaji mahali pa kuuweka.